Mkaguzi Anakuja: Juu ya Kicheko, Hofu na Dirisha la Ofisi

(Mada iliyotolewa kwa wajumbe wa kamati za haki na amani wa mwambao wa Kyela)



Ndugu wapendwa, mmeniomba niseme nanyi juu ya urasimu na rushwa katika ofisi za umma. Mambo hayo mnayajua kuliko niwezavyo kuwaeleza, maana hakuna kati yenu ambaye hajapata kusimama mbele ya dirisha la ofisi na kuambiwa, "Njoo kesho." Kwa hiyo sikuja kuwasimulia tatizo lenu wenyewe. Nimekuja na kichekesho, tukitazame pamoja, tucheke, kisha tujiulize kwa moyo mnyofu: je, tunamcheka nani?

1. Kichekesho chenyewe

Kichekesho hicho ni tamthiliya iitwayo Mkaguzi Mkuu wa Serikali. Mtunzi wake ni Mrusi, Nikolai Gogol, nayo ilichezwa jukwaani kwa mara ya kwanza mwaka 1836 katika mji wa St Petersburg, Kaisari Nikolai wa Kwanza mwenyewe akiwa miongoni mwa watazamaji. Mwaka 1979 ilichapishwa kwa Kiswahili. Mfasiri wake ni Christon Mwakasaka, mtaalamu aliyeandika pia kitabu juu ya fasihi simulizi ya Wanyakyusa. Jina la Mwakasaka halihitaji maelezo kwa watu wa Kyela na Rungwe. Basi kitabu hiki cha Urusi kimetufikia kwa mkono wa mtu wa kwetu.

Habari yake ni hii. Katika mji mdogo ulio mbali na makao makuu, mkuu wa mji anapata barua kwamba mkaguzi kutoka serikalini anakuja kwa siri. Anawaita wenzake wote: hakimu, msimamizi wa hospitali, mkaguzi wa shule na mkuu wa posta. Wote wanatetemeka, kwa kuwa kila mmoja anajua alichokifanya. Mahakamani wahudumu wamefuga mabata katika chumba cha kungojea. Hospitalini wagonjwa ni wachafu, na daktari ni mgeni asiyejua hata neno moja la lugha ya wagonjwa wake. Posta barua za watu zinafunguliwa na kusomwa. Kanisa la hospitali, ambalo fedha zake zilitolewa miaka mitano nyuma, halikupata kuanzwa. Mkuu wa mji anawaagiza wenzake waseme kwamba lilianzwa likaungua.

Wakati huohuo yupo kijana katika nyumba ya wageni, jina lake Khlestakov, karani wa ngazi ya chini kutoka St Petersburg, aliyemaliza fedha zake kwa kucheza karata na kushindwa kulipa chakula anachokula. Wakubwa wa mji wanaaminishana kwamba huyo ndiye mkaguzi. Wanamkaribisha, wanamlisha, wanamkopesha fedha mmoja baada ya mwingine, na mkuu wa mji anafikia hatua ya kumposesha binti yake. Kijana anapokea vyote, kisha anaondoka zake. Barua yake kwa rafiki inafunguliwa posta kama ilivyo desturi, na humo wanakuta jinsi alivyowacheka. Kabla hawajapumua, askari anaingia na kutangaza kwamba mkaguzi wa kweli amefika. Wote wanaganda mahali waliposimama, na pazia linashuka.

2. Kicheko ni mali yetu

Huenda mwingine akauliza: mchezo wa Urusi una nini na mkulima wa mpunga na kakao? Tena yafaa padre asimame mbele ya watu na kusema mambo ya vichekesho?

Yafaa kabisa. Kuwacheka wakubwa ili kusema ukweli ni jambo tulilolirithi. Mtani msibani husema lile ambalo ndugu hawathubutu kulitamka, na hakuna amkasirikiaye. Katika mwambao wa ziwa hili, upande wa Malawi na upande wetu, watu walianza tangu siku za Vita Kuu ya Kwanza kucheza ngoma za mganda na malipenga, wakijipanga kama askari wa Wazungu, wakipeana vyeo vya kijeshi na kupiga kwata. Aliyekuwa akiagizwa kubeba mizigo alivaa cheo cha aliyemwagiza, na watazamaji wakaona kwamba cheo ni vazi. Radio Tanzania nayo ilituletea Pwagu na Pwaguzi. Hata Mzee Rashidi Kawawa, kabla ya kuwa Waziri Mkuu wa nchi hii, aliigiza mapema katika miaka ya 1950 katika filamu ya kuchekesha ya Muhogo Mchungu, juu ya mtu wa shamba anayefika mjini na kuhangaishwa na wajanja.

Maandiko Matakatifu nayo hayaogopi njia hii. Nabii Nathani hakumwendea mfalme Daudi na hati ya mashtaka. Alimwendea na hadithi ya mwanakondoo wa maskini, na mfalme akajihukumu kwa kinywa chake mwenyewe (2 Sam 12). Bwana wetu alisimulia juu ya hakimu asiyemcha Mungu wala kumjali mtu, ambaye mwishowe alimpa mjane haki yake kwa sababu tu amechoka kusumbuliwa (Lk 18:1-8). Mtakatifu Luka anatuambia pia habari ya liwali Felisi, aliyemwita Paulo mara kwa mara kuzungumza naye akitumaini kupewa fedha. Na kwa kuwa fedha hazikutoka, Paulo alikaa kifungoni miaka miwili (Mdo 24:26-27). Hiyo ndiyo "njoo kesho" iliyoandikwa katika Biblia.

3. Rushwa yangu hulipwa na mwenzangu

Sasa tukiangalie kichekesho kwa makini zaidi. Hapo mwanzo tunawacheka wakubwa, nao wanastahili. Hakimu, kwa mfano, anajitetea kwamba yeye si mla rushwa, kwa sababu hapokei fedha bali watoto wa mbwa wa kuwindia. Sisi nasi tuna watoto wa mbwa wetu. Tunaita chai, soda, asante, kitu kidogo. Mwaka 2000 hata sheria ya uchaguzi ilipata neno lake, takrima, mpaka Mahakama Kuu ilipoitangua mwaka 2006 kwa kuwa inapingana na Katiba. Dhambi inayoona haya hutafuta jina jipya.

Lakini Gogol hakuishia kwa wakubwa. Raia nao wanafika mbele ya yule mkaguzi wa uongo, na hapo ndipo penye fundisho ambalo ningependa mlichukue mrudi nalo vigangoni.

Wa kwanza ni wafanyabiashara. Wanamlalamikia mkuu wa mji kwamba anawanyang'anya bidhaa, na malalamiko yao ni ya kweli. Lakini wanamlalamikia mikono ikiwa imejaa zawadi: wanataka kuondolewa rushwa kwa njia ya rushwa. Baadaye mkuu wa mji anamkumbusha mmoja wao jinsi alivyomsaidia kuiibia serikali katika ujenzi wa daraja, mbao zisizofikia thamani ya rubo 100 zikaandikwa rubo 20,000. Mfanyabiashara hana la kujibu. Ndugu zangu, sisi tunaokaa kati ya mito ya Songwe, Kiwira, Mbaka na Lufilyo, tunaojua masika yanavyofanya, hatuhitaji kufafanuliwa maana ya daraja lililojengwa kwa karatasi.

Wa pili ni mke wa fundi wa makufuli. Huyu mume wake amechukuliwa jeshini kinyume cha sheria, maana mwenye mke hakupaswa kuchukuliwa. Aliyestahili kwenda alikuwa mtoto wa fundi cherehani, lakini wazazi wake walitoa zawadi nono. Zamu ikamwangukia mtoto wa mfanyabiashara mwenye duka, naye mama yake akapeleka majora matatu ya kitambaa. Ndipo mkuu wa mji akamgeukia yule asiyekuwa na kitu cha kutoa.

Tutafakari hapo. Wazazi wa yule kijana wa kwanza hawakumchukia mke wa fundi wa makufuli. Labda hawakumjua kabisa. Walitaka tu kumaliza shida yao, kama tunavyosema: penye udhia penyeza rupia. Lakini ile shida haikuisha. Ilihama kutoka nyumba yenye kitu, ikapita nyumba ya pili yenye kitu, ikatua katika nyumba isiyo na kitu. Hivyo ndivyo rushwa ilivyo. Ninapolipa ili faili langu lipandishwe juu, faili la mtu fulani limeshushwa chini. Ninapopata kitanda kisicho zamu yangu, yuko mgonjwa aliyelala sakafuni kwa ajili yangu. Mtoto wangu anapoingizwa katika nafasi asiyostahili, mtoto wa mjane amebaki nje ya mlango. Simwoni, ndiyo sababu dhamiri yangu hailii. Naam, Kutoka 23:8 inafundisha kwamba rushwa hupofusha macho. Nasi tumezoea kudhani ni macho ya mpokeaji peke yake.

Hapa yanipasa kufafanua jambo, kwa sababu najua mama mmoja anajiuliza moyoni: "Padre, mtoto wangu alikuwa anakufa, nikadaiwa fedha kwanza. Je, nilitenda dhambi?" Mafundisho ya maadili hayamweki aliyenyang'anywa pamoja na aliyenunua. Anayedaiwa kitu ili apewe kilicho haki yake, hali hana njia nyingine, huyo ameporwa. Dhambi iko juu ya aliyempora. Lakini anayetoa ili apate kisicho chake, au ili apite mbele ya aliyemtangulia, huyo ni mshiriki. Tusiwatwishe walioporwa mzigo wa washiriki. Wala washiriki tusijifiche katika kundi la walioporwa.

4. Kumngoja mkaguzi

Jambo la pili ni hofu. Katika mchezo ule, habari za mkaguzi zinafanya kazi kubwa kwa siku moja: barabara inafagiwa, wagonjwa wanavalishwa kofia safi. Lakini hakuna hata mgonjwa mmoja anayetibiwa vizuri zaidi. Hofu ya mkaguzi husafisha macho ya mkaguzi, haimponyi mgonjwa.

Taifa letu limejaribu mara nyingi kumtuma mkaguzi. Mwaka 1996 Rais Benjamin Mkapa aliunda Tume ya kuchunguza kero ya rushwa chini ya Jaji Joseph Warioba. Kabla ya mwaka huo kwisha Tume ilikwisha kutueleza kwamba wako wapokeao kidogo kwa sababu mapato yao hayawatoshi, na wako wakubwa wapokeao kwa tamaa tu. Mwaka 2007 ilipitishwa Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa, iliyoanzisha TAKUKURU. Novemba 2015 Rais John Magufuli, siku chache tu baada ya kuapishwa, alifanya ziara za kushtukiza katika Wizara ya Fedha na Hospitali ya Muhimbili, na watu wengi walishangilia. Nasi tunaye kwa mujibu wa Katiba Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali, ambaye taarifa zake hufikishwa Bungeni kila mwaka.

Hayo yote ni mema, wala sisemi yaachwe. Ninachosema ni kwamba hayatoshi. Watu wanaongoja tu mkaguzi kutoka juu wanapatwa na hatari mbili. Ya kwanza, hujifunza kupamba. Ya pili, huwa chakula cha matapeli. Kwa nini Khlestakov alifaulu? Hakuwa na akili nyingi wala hakupanga kudanganya. Alifaulu kwa sababu kila aliyemwendea alikuwa na jambo la kuficha. Vishoka wanaojidai kuwa watu wa serikali, wanaozunguka vijijini na kutisha watu, wanaishi kwa siri zetu. Mtu mwenye risiti yake mfukoni hatishiki upesi.

5. Karani mmoja na kiwanja cha watoto

Gogol alituonyesha ugonjwa, lakini katika mchezo wake humkuti afisa hata mmoja mwema. Kwa hiyo niongeze habari nyingine, isije ikadhaniwa kwamba kila akaaye nyuma ya meza ni mwovu. Wengi wenu mna watoto walio walimu, wauguzi na watendaji wa vijiji, nao wanafanya kazi kwa jasho.

Mwaka 1952 huko Japani, Akira Kurosawa alitoa filamu iitwayo Ikiru, maana yake "kuishi". Mwanzoni inachekesha kwa uchungu. Akina mama wanafika ofisi ya jiji kuomba dimbwi la maji machafu lifukiwe, kwani watoto wao wanaugua na mbu ni wengi. Dirisha la kwanza linawatuma la pili, la pili la tatu. Wanapita idara za afya, za maji machafu, za barabara, za zimamoto, wanafika hadi kwa naibu meya, na mwishowe wanarudishwa dirisha lilelile walikoanzia. Je, mama wa Matema anayefuatilia cheti cha kifo cha mumewe, kutoka kitongoji hadi kijiji, kutoka kata hadi mjini Kyela, halafu akaambiwa kwamba muhuri wa mwanzo haukusomeka, anahitaji mkalimani ili aielewe filamu hiyo?

Mkuu wa idara ile ni mzee aitwaye Watanabe, aliyekaa pale miaka 30 akigonga mihuri. Anapogundua kwamba ana saratani ya tumbo na miezi yake inahesabika, anahangaika kutafuta maana ya maisha, kwanza katika anasa. Kisha anakumbuka lile ombi la akina mama. Analichukua mkononi mwake, analitembeza ofisi kwa ofisi, anainama, anangoja, anatukanwa, haondoki. Dimbwi linafukiwa, mahali pake panakuwa kiwanja cha kuchezea watoto, naye anafia pale juu ya bembea.

Msibani wenzake wanakunywa, wanalia, wanaapa kwamba tangu kesho watafanya kazi kama yeye. Kesho yake raia anakuja na ombi, nao wanampeleka dirisha lingine.

Kiapo cha msibani hakitoshi, ndugu zangu, wala cha semina. Lakini ona pia jambo hili: Watanabe hakupandishwa cheo, hakupewa sheria mpya, hakuletewa mkaguzi. Alikuwa na meza ileile na muhuri uleule. Mtakatifu Yohane Mbatizaji hakuwaambia watoza ushuru waache kazi; aliwaambia wasitoze zaidi ya kiasi kilichowekwa (Lk 3:12-14). Na Papa Yohane Paulo II, katika Centesimus Annus ya mwaka 1991, alionya kwamba taasisi za umma zinapoongozwa na fikra za kirasimu kuliko nia ya kuwahudumia watu, gharama huongezeka na binadamu husahauliwa (na. 48).

6. Tufanye nini?

Kwanza, tusiende peke yetu. Akina mama wa Ikiru walishinda kwa kuwa walikwenda pamoja, na mjane wa Injili alishinda kwa kurudi. Kamati ya haki na amani ya kigango iwe na watu wawili au watatu wa kumsindikiza asiyejua kusoma, mgonjwa au mjane anapokwenda ofisini. Wasigombane na mtu. Wakae, waandike tarehe, jina la ofisi na jibu lililotolewa.

Pili, tuzijue sheria. Mkutano mkuu wa kijiji ni wa kila mkazi mtu mzima, na unapaswa kufanyika walau mara moja kila miezi mitatu. Huko ndiko mahali pa kuuliza mapato na matumizi ya kijiji. Mkaguzi wa kwanza wa serikali ya kijiji ni ninyi. Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2016 humpa raia haki ya kuomba taarifa katika ofisi ya umma, nayo ofisi ina siku 30 za kujibu. Iko pia sheria ya mwaka 2015 ya kuwalinda watoa taarifa na mashahidi. Ombi liandikwe, nakala ibaki.

Tatu, tuwape heshima watumishi waaminifu. Yule muuguzi asiyepokea kitu, yule mtendaji anayetoa risiti kwa kila shilingi, hasikii shukrani hata siku moja, bali huitwa mjinga. Kamati iwatembelee, iwashukuru mbele ya watu.

Nne, tuanze nyumbani mwa Bwana. Ofisi ya parokia nayo ina dirisha. Ina masjala, ina mihuri, ina vyeti vya ubatizo. Mwamini akiambiwa "njoo kesho" na karani wa Kanisa, au akiona mwenye gari akihudumiwa kabla yake, mahubiri yetu juu ya haki yamekwisha kukanushwa. Nanyi wajumbe mna haki ya kutuuliza sisi mapadre.

Karibu na mwisho wa tamthiliya, mkuu wa mji aliyeaibika anawageukia watazamaji na kuwaambia kwamba wanaojicheka ni wao wenyewe. Ninawaomba msilichukue kama tusi. Anayeweza kujicheka bado ana uwezo wa kutubu. Na Mkaguzi wa kweli, ndugu wapendwa, amekwisha kutuambia atakachokagua: nilikuwa na njaa, nilikuwa mgonjwa, nilikuwa mgeni. Siku hiyo tutaulizwa juu ya yule aliyekuwa nyuma yetu kwenye foleni.

Mungu awabariki.

Maswali ya kujadiliana katika jumuiya

1. Katika kijiji chetu, rushwa inaitwa kwa majina gani? Kwa nini tunaogopa jina lake halisi?
2. Tutaje huduma moja ambayo watu hulipia ili wapite mbele ya wengine. Ni nani anayeachwa nyuma?
3. Mkutano mkuu wa kijiji ulifanyika lini mara ya mwisho? Mapato na matumizi yalisomwa? Tuliuliza nini?
4. Ni mtumishi gani mwaminifu ambaye jumuiya yetu inaweza kumshukuru mwezi huu, na kwa njia gani?